Kabla hujatia saini mkopo wa nyumba, fanya hesabu hizi

Nyumba yetu ya Kiembeni, hapa Mombasa, bei yake ilikuwa shilingi milioni 3.5. Tulipomaliza kuilipa mwaka 2023, mimi na mume wangu tulikuwa tumetoa karibu milioni 8.5, mbali na pesa za mawakili na ushuru. Hakuna aliyetuibia. Kila senti ilikuwa kwenye karatasi tulizotia saini wenyewe, ila sisi tulisoma mstari mmoja tu, ule wa malipo ya kila mwezi. Sasa mdogo wangu naye ameanza kuitwa na maafisa wa mikopo, na haya ndiyo niliyomwambia. Yasome kabla hujashika kalamu.

Mepesi kwanza. Nenda ofisi ya ardhi ukaitafute hati wewe mwenyewe au wakili wako, usitosheke na nakala aliyokuonesha muuzaji. Kwetu pwani, uliza kama unauziwa nyumba pamoja na ardhi yake, maana nyumba bila ardhi zimejaa mjini na si rahisi benki ipokee rehani ya kuta zilizosimama juu ya kiwanja cha mtu mwingine. Kama ardhi ni ya kukodi kutoka serikalini, hesabu miaka iliyobaki. Kodi za kaunti ziwe zimelipwa. Mume au mke wako ajue na aridhie, kwa kuwa sheria haikubali nyumba ya ndoa iwekwe rehani kwa siri. Na baada ya makato yote, theluthi moja ya mshahara wako lazima ibaki. Hiyo ni sheria ya ajira, lakini mimi nakuambia ibaki zaidi ya theluthi.

Pesa za kabla ya ufunguo zitenge kando. Ushuru wa stempu ni asilimia 4 ya thamani ya nyumba mijini na 2 mashambani. Sisi ulitutoka 140,000. Benki ilichukua ada ya kuandaa mkopo, asilimia moja, 30,000. Mthamini analipwa na wewe. Wakili wako analipwa na wewe, na wakili wa benki pia analipwa na wewe. Amana ya nusu milioni tulikuwa nayo, tumeiweka miaka sita, lakini haya mengine hatukuyapangia, tukaenda kuyakopa kwenye sako. Tukaanza mkopo mkubwa tukiwa tayari na mkopo mdogo mgongoni. Usifanye hivyo. Kama huna pesa za ada, bado hujafika wakati wa kununua.

Sasa keti, maana hapa ndipo watu wanapopotea. Mkopo wetu ulikuwa milioni 3, riba asilimia 14 kwa mwaka, miaka 20. Malipo ya mwezi yalikuwa 37,306. Tuliona ni kama kodi ya nyumba ikiongezwa kidogo, tukafurahi. Zidisha mara miezi 240: ni karibu milioni 9. Katika malipo ya mwezi wa kwanza, 35,000 zote zilikuwa riba. Zilizopunguza deni ni shilingi 2,306. Kwa mwendo huo, hata kama riba ingetulia palepale miaka yote, nusu ya deni tungeifikia baada ya miaka 15 na miezi mitano. Watu hudhani mwaka wa kumi ndio katikati. Sivyo.

Kwa hiyo usimuulize afisa "kwa mwezi ni ngapi?" peke yake. Mwambie akupigie hesabu ya mkopo uleule kwa miaka tofauti na akuandikie jumla mbele yako. Kwa milioni 3 hizo na riba ya asilimia 14, miaka 25 ni 36,113 kwa mwezi. Umejipunguzia shilingi 1,200 hivi ukilinganisha na miaka 20, na jumla imepanda kwa karibu milioni 1.9. Rudi miaka 15: ni 39,952, yaani umeongeza 2,646 tu kwa mwezi, pesa ya nyama ya wikendi mbili, na umeokoa zaidi ya milioni 1.7. Hakuna aliyetuonesha hesabu hii. Afisa alitupa miaka 20 kwa sababu ndiyo iliyofanya mshahara wetu utoshe kwenye fomu, na sisi tukaona ametusaidia.

Jambo linalofuata ndilo lililotuumiza, kwa hiyo nivumilie nilieleze lote.

Kwenye barua yetu ya mkopo, ukurasa wa tatu, paliandikwa kwamba riba inaweza kubadilishwa na benki wakati wowote. Niliuona mstari huo. Nikadhani ni maneno ya kawaida ya mikataba, kama yale ya nyuma ya tiketi ya basi. Mwaka 2011 shilingi ikaporomoka, bei za vyakula na mafuta zikapanda, na Benki Kuu ikaanza kupandisha kiwango chake cha riba: asilimia 7 mwezi Septemba, 11 Oktoba, 16.5 Novemba, 18 Desemba. Nilizisikia habari hizo redioni nikipika, na sikujua zinanihusu.

Barua ilifika wiki ya mwisho wa mwaka. Riba yetu imekuwa asilimia 22. Malipo mapya 54,922 kwa mwezi, kuanzia Januari, mwezi wa karo na sare za shule. Nilikwenda benki na mume wangu. Tulimkuta msichana mpole, aliniita mama muda wote, akatugeuzia kompyuta tuone. Pale ndipo nilipoona kwa mara ya kwanza deni letu limebaki kiasi gani. Tulikuwa tumelipa miezi 24 bila kukosa hata mmoja, jumla yake karibu 895,000. Deni lilikuwa limepungua kwa 63,000. Mume wangu alichukua kalamu ya benki ile iliyofungwa kwa kamba, akaandika hizo namba mbili nyuma ya bahasha, akazipigia mstari, kisha akakaa kimya.

Tukasema 54,000 hatuwezi. Akatupa njia: lipeni 45,000, zinazobaki tutaziongeza kwenye deni. Tulimshukuru. Naomba unielewe vizuri hapa, kwa sababu huu ndio mtego unaowanasa watu waaminifu. Riba peke yake ilikuwa karibu 53,800 kwa mwezi. Kila mwezi tuliolipa 45,000, shilingi 8,800 hivi zilirudi kwenye deni, na mwezi uliofuata nazo zikatozwa riba. Tulikwenda hivyo miezi 14. Nililipa kwa wakati, niliacha kununua khanga, mume wangu akauza pikipiki. Mwezi Februari 2013 tukaomba taarifa ya mkopo: tumelipa zaidi ya milioni moja na nusu kwa ujumla, na deni ni milioni 3.076. Lilikuwa kubwa kuliko tulilokopa.

Benki Kuu ilikuwa imeanza kushusha riba yake tangu Julai 2012, na kufikia Januari 2013 ilikuwa imefika asilimia 9.5. Yetu ilikuja kushuka hadi 18 na ikagoma hapo, nasi tukawa tunalipa 52,000 kwa mwezi. Ilipanda ndani ya miezi michache, ikashuka kwa mwendo wa kinyonga. Nilikuja kuelewa kwamba mkataba haukuilazimisha benki kushusha. Uliipa ruhusa ya kupandisha, basi.

Kwa hiyo kabla hujasaini, uliza haya na upate majibu kwa maandishi. Riba hii ni ya kudumu au inabadilika? Kama inabadilika, imefungwa kwenye kipimo gani ninachoweza kukiona mwenyewe, na kipimo kikishuka na yangu itashuka lini? Siku hizi Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 inaitaka benki ikupe notisi ya maandishi ya siku 30 au zaidi kabla ya kubadilisha riba. Notisi hiyo idai, na isome siku ileile inapofika. Kisha pima mkopo wako kwa riba iliyoongezwa pointi 8, yaani kama ni asilimia 14, pima kwa 22. Kama mshahara hautoshi kwa kipimo hicho, nyumba hiyo si ya kwako kwa sasa. Na usidhani mambo ya 2011 yamepita: kati ya Mei 2022 na Februari 2024 kiwango cha Benki Kuu kilitoka asilimia 7 hadi 13.

Uliza pia kuhusu mikopo inayopitia KMRC, kampuni iliyoanzishwa 2018 kuzipa benki na sako fedha za muda mrefu ili wakopaji wapate riba ya chini na isiyobadilika. Ina masharti ya kipato, lakini kuuliza ni bure. Sisi haikuwepo.

Kilichotuokoa ni sheria ya Septemba 2016 iliyozuia benki kutoza zaidi ya asilimia 4 juu ya kiwango cha Benki Kuu. Riba yetu ikashuka hadi 14, na benki ikatuandikia kwamba malipo yetu sasa ni 37,800 hivi badala ya 52,000. Nilitaka kupumua. Mume wangu akakataa: "Mama Salma, tumeshazoea 52, tusiziguse." Tukaandika barua kwamba tutaendelea na 52,000 na ziada yote ipunguze deni. Tukamaliza 2023 badala ya mwanzo wa 2030, na kwa hesabu yangu tuliepuka kulipa karibu milioni 1.8. Sheria yenyewe ilifutwa Novemba 2019, kwa hiyo usiitegemee, lakini njia ile bado ipo. Riba ikishuka, usishushe malipo. Andika barua na utaje wazi kwamba ziada ipunguze deni, la sivyo inaweza kuwekwa tu kama malipo ya mwezi ujao. Na kabla ya kusaini uliza kama kuna faini ya kulipa mapema.

Wengine hujituliza kwa kusema sheria hairuhusu deni kuzidi mara mbili. Sheria hiyo ipo tangu 2007, lakini inahesabu kuanzia pale mkopo unapokuwa umeshindikana kulipwa: riba inayoongezeka baada ya hapo haiwezi kuzidi deni lililokuwepo siku hiyo. Wewe unayelipa vizuri miaka 20 unaweza kulipa mara tatu na hakuna aliyevunja sheria.

Wanaokwepa riba na kwenda kwenye benki za Kiislamu, ambako benki hununua hisa ya nyumba nawe ukailipa kodi huku ukiinunua hisa yake kidogo kidogo, nao waulize: kodi hiyo itapitiwa upya kila baada ya muda gani, na kwa kipimo gani? Jina likibadilika, mfuko ni uleule.

Dai haki yako ya kodi. Riba ya mkopo wa nyumba unayoishi hupunguzwa kwenye mapato yako yanayotozwa kodi, hadi shilingi 360,000 kwa mwaka tangu mwisho wa 2024. Omba cheti cha riba benki kila mwaka, umpelekee mwajiri. Sisi tulikaa miaka minne bila kujua.

Bima zipo, ya maisha na ya moto, na zitakatwa kila mwaka. Soma bima ya maisha inamlinda nani. Kama mnalipa wawili na jina ni la mmoja, jueni mapema.

Nyumba nayo inakula. Pwani chumvi haina huruma: mabati, nondo za madirisha, pampu ya kisima. Tenga kitu kila mwezi. Kama ni ghorofa, uliza ada ya huduma ni ngapi na ilipanda mara ngapi miaka mitano iliyopita.

Ukianza kulemewa, nenda benki kabla hujakosa mwezi wa kwanza, usingoje simu. Ukichelewa, sheria inakupa notisi ya miezi mitatu ya kulipa, kisha siku 40 kabla ya kuuza. Zinaonekana nyingi, lakini zinakwisha haraka mtu anapozipitisha kwa aibu bila kumwambia mtu. Usimdhamini shemeji katika miaka hiyo. Usiongeze mkopo wa gari. Omba taarifa ya mkopo kila mwezi wa sita na wa kumi na mbili, uangalie mstari wa deni lililobaki kabla ya mstari mwingine wowote.

Na siku ya malipo ya mwisho usirudi nyumbani kusherehekea bado. Rehani imeandikwa kwenye hati yako na haijifuti yenyewe. Idai benki barua ya kuifuta, ipeleke ofisi ya ardhi, lipia, kisha fanya upekuzi upya uone kwa macho yako kwamba jina la benki limetoka. Sisi ilituchukua miezi minne na safari tano.