Kutuma nyaraka muhimu kwa posta na kubaki na ushahidi kwamba zimepokelewa

Wengi wakishapewa risiti ya rejista (huduma ya posta inayoiandikisha barua kwa namba yake) huona kazi imekwisha. Risiti hiyo inathibitisha jambo moja tu: bahasha yenye namba fulani iliingia posta tarehe fulani. Haisemi ilikuwa na nini ndani, wala nani aliipokea. Siku ya mabishano utatakiwa kuonyesha ulituma, ilipokelewa, na kwamba karatasi unazodai ndizo zilizokuwemo kwenye bahasha ile. Hili la mwisho ndilo husahaulika.

Hatua ya 1: Barua ya kuambatanisha. Orodhesha kila hati kwa jina, namba yake na idadi ya kurasa. "Vyeti vyangu" haitoshi. Andika "nakala iliyothibitishwa ya cheti cha kuzaliwa, ukurasa 1". Kama hawajadai hati halisi, usiitume. Skani kila ukurasa pande zote mbili, maana mihuri ya nyuma ndiyo watu huiruka.

Hatua ya 2: Bahasha. Saizi ya C4 (milimita 229 × 324) inabeba A4 bila kukunja. Tia nyaraka kwenye mfuko wa plastiki, weka na kipande cha kadibodi. Ondoa pini na klipu, zinatoboa bahasha. Usifunge kwanza (ona Hatua ya 4); ukifunga, tumia gundi au utepe wa karatasi, si selotepu: wino wa muhuri haushiki kwenye plastiki, na zipo posta zinazogonga muhuri juu ya maungio ya barua ya rejista ili ikifunguliwa njiani ijulikane. Ndiyo maana karani anaweza kukurudishia bahasha uliyoizungushia selotepu kwa nia njema kabisa.

Hatua ya 3: Anwani. Ya mpokeaji chini kulia, yako juu kushoto. Kwa ofisi, tanguliza cheo au idara, kwa sababu mtu huhama. Nchi iandikwe kwa herufi kubwa mstari wa mwisho. Ukitumia kampuni ya vifurushi badala ya posta, S.L.P. peke yake kwa kawaida haitoshi. Watataka jengo, mtaa na simu.

Hatua ya 4: Kaunta. Usiombe tu "iwe na namba". Omba rejista pamoja na taarifa ya kupokelewa. Hizo ni huduma mbili na kila moja ina malipo yake. Taarifa ya kupokelewa ni kadi (kwa barua za nje ni fomu CN 07) inayosafiri na bahasha, inatiwa sahihi huko iendako, kisha inarudishwa kwako. Mahali pa anwani ya kurudishia kadi andika anwani YAKO. Ukiandika ya mpokeaji, kadi itaishia kwake. Si kila nchi inaitoa huduma hii, kwa hiyo uliza kabla ya kulipa.

Ukikubaliwa, omba stika ya namba kabla hujafunga bahasha, uinakili namba kwenye barua ya kuambatanisha, kisha piga picha barua, nyaraka na stika vikiwa pamoja. Hapo ndipo yaliyomo na namba vinaposhikana. Kabla hujaondoka linganisha risiti na stika tarakimu kwa tarakimu, na hakikisha tarehe ya muhuri inasomeka. Muhuri uliofifia ugongwe tena palepale.

Hatua ya 5: Kufuatilia. Ingiza namba ya stika kwenye tovuti ya posta; ikionyesha bahasha imefikishwa, piga picha ya skrini siku hiyohiyo. Kumbukumbu hizo hazikai mtandaoni milele.

Maswali ya wanachama

Swali: Mkuu, asante kwa somo. Namba yangu inaanza na U na haionyeshi chochote kuhusu kufika.

Jibu: Herufi ya kwanza inataja huduma. R ni rejista, V ni barua yenye bima, E ni EMS (huduma ya posta ya haraka). U ni barua isiyofuatiliwa, hivyo hapo hukupewa rejista. Angalia risiti ulilipia nini.

Swali: Mfumo unasema namba haipo. Nimeibiwa?

Jibu: Kwanza hakikisha hukukosea kunakili. Chukua RR473124829GB. Zidisha tarakimu nane za mwanzo, moja moja, kwa 8, 6, 4, 2, 3, 5, 9, 7: 32 + 42 + 12 + 2 + 6 + 20 + 72 + 14 = 200. Gawanya kwa 11, linabaki 2. Toa 2 kwenye 11 upate 9, ndiyo tarakimu ya tisa. (Jibu likiwa 10 huwekwa 0, likiwa 11 huwekwa 5.) Yako ikigoma, umenakili vibaya. Ikikubali, huenda bado haijaskaniwa. Isipoonekana baada ya siku chache rudi kaunta na risiti.

Swali: Ndugu, kama aliyesaini ni mlinzi wa getini, inahesabika?

Jibu: Kwa posta, imefikishwa. Kwa mahakama au mkataba, soma masharti yanataka nani apokee. Ikiwa lazima iwe mhusika mwenyewe, ulizia huduma ya kukabidhi mkononi mwa mpokeaji. Usipoilipia, postamani hana sababu ya kumkatalia mlinzi.

Swali: Bahasha ilifika, kadi haijarudi, mwezi wa pili sasa.

Jibu: Kadi hurudi kama barua ya kawaida, haina namba yake, kwa hiyo hupotea. Nenda na risiti ulikotumia ukafungue ulizo rasmi. Kwa barua za nje, kanuni za Umoja wa Posta Duniani zinatoa miezi 6 kuanzia kesho yake ya siku uliyotuma. Omba jibu la maandishi lenye tarehe ya kufikishwa na jina la aliyepokea, ulihifadhi pamoja na risiti.