Jinsi ya kumrekodi dani (nyanya kwa Dholuo) akisuka mkeka, vile ndugu wa Manaki walimrekodi nyanya yao

Watu wengi wakitaka kuvideo mzee wa nyumbani wanamkalisha kwa kiti wanaanza kumuuliza maswali, mzee anakauka tu hapo. Mrekodi akiwa kazini. Yanaki na Milton Manaki, ndugu wawili waliokuwa na studio ya picha Bitola, mji ulio Makedonia Kaskazini leo, enzi za utawala wa Waturuki, walifanya hivyo 1905. Yanaki alikuwa amenunua kamera ya Bioscope 300 huko London, wakaenda nayo kijijini kwao Avdella wakamrekodi nyanya yao Despina, inasemekana alikuwa na miaka 114, akisokota sufu. Ni kati ya filamu za kwanza kabisa za Balkan, yaani kusini mashariki mwa Ulaya, na kinachokushika ni mikono yake.

Sasa wewe, tuseme uko Dunga hapa Kisumu na dani anasuka mkeka wa mafunjo. Nenda mapema, saa tatu asubuhi hivi, kabla jua halijakuwa kali, umkalishe kivulini chini ya mwembe, yeye na mkeka wote kivulini, na usimweke ziwa likiwa nyuma yake kwa sababu maji yaking'aa uso unatoka mweusi. Futa lenzi na kanga, weka simu kwa flight mode, ilaze upande, iegemeze kwa jerikeni lenye maji na uiache hapo.

Hapo kwa kuiacha ndio watu wanashindwa. Kamera za zamani zilizungushwa kwa mkono, karibu raundi mbili kila sekunde ndio upate picha 16, na kila dakika ilikula filamu kama mita 18, so mtu alifikiria kwanza kabla ya kuzungusha. Wewe pia fikiria hivyo. Chukua moja ya mbali inayomwonyesha mzima, halafu usogee wewe mwenyewe karibu, usizumu, uchukue vidole vikipitisha funjo juu na chini na vile anabana ukingo kwa kidole cha mguu, kila moja sekunde 30 bila kutikisa. Akisema "nyathina (mwanangu), umemaliza?" mwambie "bado dani, endelea tu." Na usiweke muziki juu yake tafadhali, Despina hatuwezi kusikia sauti yake lakini dani wako akiimba kwa Dholuo simu inashika, mradi upepo wa ziwa uwe mgongoni mwako.

Ukimaliza mwonyeshe, akikataa kitu futa.

Halafu kopi, siku hiyo hiyo. Vasil Gendov alitoa filamu ya kwanza ya hadithi Bulgaria 1915, yeye ndiye dairekta na ndiye stelingi, na leo hakuna kopi kamili, zimebaki picha chache tu. Weka moja kwa flash disk, ingine kwa simu ya binamu anayekaa mji mwingine, na jina la faili liwe jina la dani, mahali na tarehe, si VID na manamba.