Mambo ya Kuzingatia Kabla ya Kutenga Chumba cha Uhalisia Pepe kwa Gemu za Zamani katika Nyumba ya Lamu

Anayetaka kutenga chumba cha uhalisia pepe (VR), yaani cha kuvaa miwani inayokuonyesha ulimwengu wa kubuni, katika nyumba ya mawe ya Lamu aanze na futi kamba, bei ya miwani aiulize baadaye. Nyumba hizi zilijengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa, na dari zake zimebebwa na boriti za mikoko. Upana wa chumba ulifuata urefu wa boriti iliyopatikana, ndiyo maana vyumba vingi ni virefu kama ushoroba lakini upana wake haufiki mita 3. Watengenezaji wa miwani za siku hizi hupendekeza eneo tupu la angalau mita 2 kwa 2 kwa mchezaji anayesimama na kutembea. Kwa karatasi, chumba cha upana wa mita 2.7 kinatosha, lakini ukishaweka kitanda upande mmoja na kabati upande wa pili, hakuna kilichobaki.

Kinachorahisisha kazi ni kwamba gemu za zamani huchezwa mtu akiwa ameketi. Ndani ya miwani hujengwa chumba cha kubuni chenye televisheni ya kisogo, mashine ya gemu na rafu ya kaseti, na mchezaji hukaa mbele yake akiwa na pedi mkononi, kama alivyokaa mtoto wa mwaka 1990 kwenye sebule ya kwao. Kwa hiyo unachohitaji hasa ni kiti imara kisicho na magurudumu, pamoja na nafasi ya mkono mmoja ulionyooshwa kila upande. Tandika mkeka mdogo chini ya kiti, na mchezaji avue viatu. Nyayo zikigusa sakafu tupu, mtu hujua papo hapo kwamba ametoka mahali pake, hata kama macho yake yako kwingine kabisa. Mpaka wa usalama unaochorwa na miwani yenyewe nautumia, ila naamini mkeka zaidi.

Kisha inua macho utazame dari, kwa sababu hapa ndipo watu wengi husahau. Pangaboi lililoning'inizwa kwenye boriti haliwezi kuonekana na mtu aliyevaa miwani, na mchezaji anayeshinda baada ya kuhangaika nusu saa hunyanyuka na kurusha mikono juu bila kufikiri. Mwambie mtu mrefu kuliko wote nyumbani asimame chini ya pangaboi anyooshe mikono, na vidole vyake vikikaribia mapanga, chagua feni ya kusimama na uiweke pembeni. Usifikirie kukaa bila upepo wowote, hasa miezi ya kaskazi, kwani jasho la uso hupanda moja kwa moja kwenye lenzi na baada ya dakika 10 kila kitu kinakuwa ukungu.

Kuta zina mambo yake. Miwani nyingi za miaka ya karibuni, Meta Quest 2 ikiwa mojawapo, hujua mahali zilipo kwa kutazama chumba kwa kamera zake ndogo, na kamera hizo huhitaji alama za kushika: kona, fremu, kivuli, pambo. Ukuta mtupu uliopakwa chokaa nyeupe hauzipi chochote, na picha huanza kuyumba. Wenye nyumba zilizobakiwa na zidaka wana bahati, maana safu za vijidirisha hivyo vya plasta zenye kingo na vivuli ni alama tosha. Asiyekuwa nazo atundike kanga ya mchoro mkubwa au mkeka wa rangi. Kioo kikubwa kifunike, kwani kamera hukidhani ni chumba kingine.

Kuna aina ya miwani inayotegemea visanduku vya kurusha miale, ambavyo hufungwa juu ya ukuta kwenye kona mbili zinazotazamana. Kwa Lamu siipendekezi. Skurubu haishiki vizuri kwenye plasta ya chokaa iliyozeeka. Hutoka na kipande kizima, na pengo hilo si rahisi kulirudisha lilivyokuwa. Anayelazimika kuitumia aviweke visanduku hivyo kwenye stendi za miguu mitatu. Mji wa kale wa Lamu umo katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO tangu mwaka 2001, na kabla ya kutoboa au kubomoa kitu chochote cha asili katika nyumba, ni vyema kuwauliza kwanza watu wa Makumbusho ya Taifa ya Kenya walioko mjini. Ukuta uliosimama kwa karne mbili usiharibiwe kwa ajili ya kifaa kitakachopitwa na wakati kabla ya miaka mitano.

Unene wa kuta hizo, unaofika takriban nusu mita, huzuia pia mawimbi ya Wi-Fi. Ukipanga kompyuta ikae chumba kimoja na miwani chumba kingine zikiunganishwa bila waya, picha itakatikakatika hata kama malipo yako ya intaneti ni ya juu, kwa kuwa tatizo liko kwenye jiwe. Ruta na iwe ndani ya chumba hichohicho, mahali ambapo mchezaji anaweza kuiona, au tumia waya mrefu uliobanwa sakafuni kwa utepe wa gundi ili usimkwaze mtu.

Baada ya chumba, fikiria umeme. Hapa kwetu ni volti 240 na mizunguko 50, lakini mashine nyingi za zamani zinazouzwa mitandaoni zilitengenezwa kwa ajili ya Japani, yenye volti 100, au Marekani, yenye volti 120. Kibadilisha plagi cha bei rahisi hubadilisha umbo la meno tu, umeme unaingia vilevile, na adapta inaungua. Tafuta transfoma ya kupunguza volti, na usome kilichoandikwa mgongoni mwa kila adapta. Adapta ya NES (mashine ya gemu ya Nintendo) ya Marekani hutoa umeme wa AC, unaogeukageuka mwelekeo, wa volti 9, ilhali ile ya Super Famicom, mashine ya Nintendo ya Japani, hutoa DC, umeme wa mwelekeo mmoja, ya volti 10. Plagi kuingia kwenye tundu si ushahidi kwamba zinaendana. Kwa upande wa kompyuta, weka stabilaiza na UPS (betri ya akiba) yenye uwezo wa kuibeba kwa dakika chache za kuizima kwa utaratibu. Stima ikipotea ghafla usiku, mtu aliyevaa miwani iliyounganishwa na kompyuta hubaki kwenye weusi asijue mlango uko wapi, kwa hiyo tochi iwe palepale chini ya kiti, upande wa mkono anaoutumia zaidi.

Hilo linatuleta kwenye uamuzi wa kutumia mashine halisi au emuleta, yaani programu inayoiga mashine hizo. Napenda mashine halisi kwa dhati. Famicom ilitoka Japani mwaka 1983, na nduguye NES akaingia Marekani mwaka 1985. Mega Drive ni ya 1988, Super Famicom ya 1990, na PlayStation ya kwanza ya Desemba 1994. Kuishika moja kati ya hizo kuna raha yake. Lakini kuileta televisheni ya kisogo kutoka bara, kuishusha kwenye gati la Mokowe, kuipakia kwenye boti, kisha kuipitisha vichochoroni kwa mkokoteni au juu ya punda, ni kazi inayoweza kuipasua kabla haijafika. Zaidi ya hayo, mashine ya Marekani au Japani ikiunganishwa na televisheni ya zamani iliyotengenezwa kwa PAL pekee, mfumo wetu wa picha za televisheni, mara nyingi hutoa picha isiyo na rangi. Hapa ndipo miwani inapokuwa na maana, kwani televisheni unayotamani huhitaji kuibeba. Programu ya EmuVR, ambayo ni ya bure na hutumika kwenye kompyuta ya Windows, hukujengea chumba kizima cha wakati ule. Ndani yake unanyoosha mkono, unachukua kaseti rafuni, unaichomeka kwenye mashine na kubonyeza kitufe. Asiye na kompyuta yenye nguvu anaweza kuweka RetroArch ndani ya miwani inayotumia Android, akacheza kwenye skrini kubwa inayoelea mbele yake.

Gemu zenyewe hazina uzito. Super Mario Bros. ya mwaka 1985 ni kilobaiti 40 tu, ndogo kuliko picha moja ya simu, wakati gemu ya diski ya PlayStation hufika mamia ya megabaiti. Kinachokula bando ni masasisho ya miwani na kompyuta, kwa hiyo yamalize yote siku moja kabla ya kumwalika mtu. Gemu nyingi bado zina haki miliki, na umri wake haufuti haki hiyo, hivyo nakili zile unazomiliki kaseti zake, au tafuta gemu mpya ambazo watunzi wa leo huzitengenezea mashine za zamani na kuzigawa wenyewe. Kaseti zenye kuhifadhi hatua za mchezo, kama ile ya kwanza ya Zelda, zina betri ndogo ya duara ndani yake, na ikifa kila kitu hupotea; ihifadhi hatua yako mapema. Wala usiipulize kaseti kwa mdomo kama tulivyofanya sote utotoni. Mate hubaki kwenye meno ya shaba, na kwa hewa yetu ya chumvi kutu haikawii. Pamba ya kijiti iliyolowekwa spiriti safi inatosha, kisha iache ikauke.

Jambo moja la picha linastahili subira. Gemu za Japani na Marekani huonyesha picha takriban 60 kwa sekunde. Miwani ikiwekwa kwenye mizunguko 72 au 90 ya skrini kwa sekunde, namba hizo hazigawanyiki sawasawa kwa 60, na mandhari inayoteleza pembeni hugugumia kidogo, jambo ambalo mtu hulihisi kichwani kabla hajalitambua machoni. Miwani inayokubali 120, Quest 2 ikiwemo, iweke hapo, ili kila picha ya gemu ionyeshwe mara mbili kamili. Kati ya toleo la Ulaya la picha 50 na lile la picha 60, chukua la 60.

Jua ni adui mkubwa kuliko vumbi. Lenzi za miwani hufanya kazi kama kioo cha kukuzia: mwanga wa jua ukiingia kupitia kwao hukusanyika kwenye skrini na kuiunguza kwa muda mfupi sana. Asubuhi moja ya Januari niliacha miwani yangu mezani karibu na dirisha la ghorofa ya juu, lenzi zikitazama juu, nikateremka kunywa chai. Niliporudi kulikuwa na mstari mwembamba wa manjano kwenye jicho la kushoto, umejikunja kama uzi, na hadi leo uko palepale katikati ya kila gemu ninayoifungua. Tangu hapo chumba kina pazia zito, na miwani haitoki kichwani ila kuingia kwenye sanduku. Sanduku hilo liwe la plastiki lenye mfuniko unaobana, na ndani yake uweke vile vifuko vidogo vya kunyonya unyevu vinavyokuja na viatu vipya, hasa wakati wa masika. Lenzi hufutwa kwa kitambaa laini kikavu, bila spiriti.

Mwisho ni watu, nao nimewafikiria kuliko vifaa vyote. Chumba cha namna hii kisiwekwe mahali ambapo wanawake wa nyumba hupita wakiwa huru. Kamera za miwani ziko wazi muda wote mtu anapocheza, na aliyeivaa hasikii mtu akibisha hodi. Chumba kilicho karibu na daka (ukumbi wa mlangoni) kinafaa zaidi kuliko cha ndani, kwani mgeni huingia na kutoka bila kuvuka nyumba. Mwenye miwani aguswe tu baada ya kuitwa kwa jina. Anayeshikwa bega ghafla hurusha mkono. Sauti itoke kwenye spika ndogo badala ya visikizi vya kuziba masikio, ili adhana isikike na mama akiita asikike.

Kwa kuwa miwani hupita uso hadi uso, nunua sponji za ziada zinazofutika, na mtu mwenye macho mekundu asiivae hata kama ni mgeni wa heshima. Mwenye historia ya kifafa amwone daktari kwanza, maana gemu za zamani zina mimweko mikali. Watoto wadogo wape televisheni ya kawaida. Virtual Boy, mashine ya gemu ya Nintendo ya mwaka 1995 ya kuchungulia kama miwani, iliyokaa mezani kwa miguu yake miwili na kuonyesha rangi nyekundu tupu, ilikuja na onyo kwamba isitumiwe na watoto wa chini ya miaka 7, na ilikuwa na mpangilio wa kusimamisha gemu yenyewe ili mchezaji apumzishe macho. Mpangilio huo uige: dakika 20, kisha miwani ivuliwe.

Siku moja kabla ya kumkaribisha mtu yeyote, keti mwenyewe, vaa miwani, na uitafute pedi bila kuivua. Utagundua kwamba vitufe vya Start na Select havitofautishwi kwa vidole. Kata kipande kidogo cha plasta ya kidonda, kibandike juu ya Start, kisha ujaribu tena.