Simu yako ni nzima: mambo ya kurekebisha kabla hujaileta kwa fundi

Wateja wengi wanaokuja kibandani kwangu Mtaa wa Aggrey, Kariakoo, hawana simu mbovu. Wanalalamika chaji haikai, bando linaisha asubuhi, simu imejaa na imekuwa nzito. Naifungua, nakuta betri iko sawa na bodi haina tatizo, ila ndani kuna WhatsApp, TikTok, Facebook na Instagram zinazofanya kazi usiku na mchana. Programu hizi huja zimepangwa kwa faida ya waliozitengeneza. Wewe zipange upya kwa faida yako, na kazi hiyo haihitaji bisibisi. Nitaeleza kwa simu za Android, maana ndizo zinazojaa mezani kwangu. Majina ya menyu hutofautiana kidogo kati ya simu na simu.

Anza na bando. Ingia mipangilio ya simu, tafuta matumizi ya data, uone kila programu imekula kiasi gani mwezi huu. Usifute kitu kabla hujaiona orodha hiyo, kwa sababu watu hulaumu programu isiyohusika. Gusa zile za juu moja moja, uzizuie kutumia data zikiwa zimefungwa. Kisha ingia ndani ya TikTok uwashe kiokoa data, na kwenye Facebook uzuie video zisijicheze zenyewe.

WhatsApp nayo, ukiiacha ilivyokuja, inapakua kila picha hata ukiwa kwenye bando, na ukishika waifai inabeba hadi video. Hapo ndipo maua ya "asubuhi njema" na mahubiri ya dakika ishirini yanapojaza simu ya mama wa watu. Ingia mipangilio yake, sehemu ya hifadhi na data, ondoa alama zote za kupakua yenyewe. Papo hapo kuna sehemu ya kusimamia hifadhi. Inakupangia mafaili makubwa na yale yaliyosambazwa mara nyingi. Futa kuanzia huko, picha za mtoto uziache.

Sasa magrupu, na hapa tukae kidogo. Kila mtu ana la ukoo, la mtaa, la shule ya mtoto, la kikoba, na la kamati ya harusi ya mtu asiyemjua vizuri. Grupu moja siku hizi linabeba hadi watu 1,024. Ingia faragha, kisha magrupu, uchague kwamba watu ulio na namba zao ndio pekee wanaoweza kukuongeza. Mwingine akikutaka itabidi akutumie mwaliko kwanza, na mwaliko huo unakufa baada ya siku tatu. Kamati nyingi zitakuwa zimeshakusahau.

Kutoka ni jambo jingine. Tangu 2022, ukitoka kwenye grupu wanaojulishwa ni maadmini tu. Lakini grupu la ukoo admini wake ni shangazi, na shangazi akijua, ukoo mzima umejua. Kwa hiyo usitoke. Linyamazishe daima, kisha lihamishie kwenye sehemu ya mazungumzo yaliyowekwa kando. Halitapanda tena juu hata zikiingia jumbe mia. Chagua saa yako ya kulisoma, mfano baada ya chakula cha jioni. Tatizo ni misiba. Siku hizi watu wanatangaza msiba kwenye grupu na kuhesabu kwamba umeambiwa, na kutokuonekana msibani ni kosa ambalo halisahauliki. Mwombe ndugu mmoja unayemwamini akupigie simu likitokea la namna hiyo, na wewe umfanyie hivyo hivyo.

Ukiona ujumbe una mishale miwili pamoja, ujue umeshapita mikono mingi, na aliyekutumia hajui ulikotoka. Tangu 2020 ujumbe wa aina hiyo unaweza kuupeleka sehemu moja tu kwa wakati. Wewe usiupeleke hata huko. Tanzania tuna Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015, na kifungu cha 16 kinahusu taarifa za uongo. "Nimetumiwa tu" si utetezi wa kwenda nao kituoni.

Tiki za bluu zimegombanisha wapenzi wengi, na baadhi yao hugombana wakiwa wamesimama mbele ya meza yangu. Unaweza kuzizima kwenye faragha, pamoja na saa uliyoonekana mara ya mwisho. Ila ukizizima, na wewe huoni za wenzako. Kwenye magrupu zitaendelea kuonekana, na sauti iliyorekodiwa ukiisikiliza, mwenzako atajua. Kwa maoni yangu zizime, halafu mwambie mwenza wako mapema kwamba umezizima.

Kuhusu kuskroli bila mwisho, Mmarekani Aza Raskin, aliyebuni mtindo huo mwaka 2006, amesema hadharani kwamba anaujutia. Simu nyingi zina kipima muda cha kila programu. Weka nusu saa kwa ile inayokukeshesha. Kwa mtoto, TikTok inataka awe na miaka 13, na tangu 2023 wa chini ya miaka 18 huwekewa dakika 60 kwa siku. Hiyo inafanya kazi iwapo mwaka wa kuzaliwa ni wa kweli. Uangalie kwa macho yako, kisha unganisha akaunti yake na yako.

La mwisho ni utapeli. Rafiki anakuandikia WhatsApp, "Nimekutumia namba sita kimakosa, nirudishie." Huyo si rafiki yako. Akaunti yake imeibwa, na ukituma namba hizo inafuata yako. Jioni ndugu zako wataanza kuombwa hela kwa jina lako. Mpigie kwa simu ya kawaida umwulize. Namba ya tapeli anayekusumbua kwa meseji itume kwenda 15040, ambayo ni ya TCRA, mamlaka ya mawasiliano. Halafu ingia mipangilio ya WhatsApp, sehemu ya akaunti, uwashe uthibitisho wa hatua mbili: utaweka namba ya siri ya tarakimu sita. Isiwe tarehe yako ya kuzaliwa, na isifanane na ya M-Pesa. Weka na barua pepe hapo hapo, kwa sababu ukiisahau namba hiyo na barua pepe huna, utasubiri siku saba ndipo uruhusiwe kuiweka upya. Siku hizo saba siwezi kukupunguzia hata ukinilipa.