Kitabu gani cha mezha thiori? Usikimbilie steshenari kwanza

Kila semista ikianza napata meseji za sauti za wanafunzi wa hesabu wanaosoma mezha thiori, yaani nadharia ya vipimo, "kaka nsaidie kitabu cha mezha, lekchara kashaanza na sie hatujui tushike kipi", na mie jawabu langu la mwanzo huwa swali, kabla ya hapo umesoma nini? Wengi hununa kidogo maana walitaka jina la kitabu tu watie kwenye simu wamalize. Lakini hivi si kama vitabu vya skuli ambavyo vyote vinafata silabasi moja, hapa kila mwandishi kamuandikia mtu wake, ukishika kisicho chako utajiona mjinga bure.

Mie nshaumia kwa hilo. Mwaka wa pili chuo nilisikia tu watu wanasema Rudin, Rudin, mwandishi wa kitabu cha analisisi, basi nikapeleka faili steshenari Mwanakwerekwe hapa Unguja, wakanitolea kurasa mia tatu na kitu, wakanibaindia kwa springi na kava la plastiki, pesa ya kula ya wiki nzima imekwenda. Likizo nikapanda nacho boti mpaka Pemba, ulikuwa msimu wa karafuu, nikajipangia kila asubuhi kurasa kumi. Siku ya tano niko sura ya pili, nafasi za metriki na seti kompakti, nasoma uthibitisho wa mistari sita mara ishirini na siambulii kitu. Bibi akaona kitabu kimelala kibarazani siku mbili hakijaguswa, akakichukua akakiweka kwenye pembe ya jamvi upepo usilikunje karafuu zikamwagika. Hiyo ndiyo kazi ya mwanzo ya maana aliyofanya Rudin wangu.

Na kitabu hakina kosa, nlikirudia miaka miwili baadae nikakipenda. Mie ndio nliparamia.

Kwanza fahamu kwamba hapa kuna masomo mawili yamepandana kama ghorofa za Michenzani. Chini ni rio analisisi, yaani limiti, mfuatano, fanksheni endelevu, na integrali ile ya Riemann ya mwaka 1854. Juu ni mezha thiori, aliyoifungulia mlango Lebesgue kwenye tasnifu yake ya 1902. Ngazi ya kupandia juu inaanzia chini, hakuna ya nje. Sasa jipime kabla hujatafuta kitabu chochote: chukua karatasi, bila ya kuangalia pahala, andika maana ya limiti kwa epsiloni. Halafu sema kwa nini namba za sehemu kama 1/2 na 3/7 zinaorodheshika lakini namba halisi zote haziorodhesheki. Halafu chukua fanksheni x kwa kipeo cha n baina ya 0 na 1, n ikikua inakwenda wapi? Kwenye 0.9, kipeo cha 10 ni kama 0.35, kipeo cha 50 ni kama 0.005, inazama sifurini, lakini kwenye 1 yenyewe inabaki 1 milele. Kwa hivyo kila fanksheni kwenye mfuatano ilikuwa laini na limiti yao imekatika. Kama hayo mawili matatu yanakutoa jasho, basi wewe bado unahitaji kitabu cha chini hata kama taimtebo inasema uko juu, wala usione haya, soma vyote viwili sambamba.

Kwa chini mie siku hizi nawapa watu Abbott, Understanding Analysis, toleo la pili la 2015. Sababu ni moja tu, kila sura inaanza na fumbo. Sura ya pili inaanza kwa kukuonesha kwamba ukibadilisha mpangilio wa kujumlisha mfululizo fulani usio na mwisho unapata jumla nyengine, mtu unashtuka, vipi tena, kwani kujumlisha si kujumlisha? Ukishashtuka ndio unataka maana sahihi ya limiti. Rudin anakupa maana kwanza, mshtuko utaujua mwenyewe mbele ya safari. Huyo Rudin ninaemsema ni wa Principles of Mathematical Analysis, toleo la tatu la 1976, na kwa mtu aliyeshapita Abbott ni msasa mzuri mno, mazoezi yake yanakukaza kweli, ila sura za mwisho mie huziruka, na ile ya 11 ya Lebesgue ni ya haraka haraka sana, isikudanganye kwamba ushasoma mezha.

Tao nae ana Analysis I na II. Yeye anaanza kabisa na namba za kuhesabia, 0, 1, 2, anazijenga kutoka kwenye kanuni za Peano, zile kanuni chache za msingi za kuhesabu, halafu namba kamili, halafu sehemu, namba halisi mpaka sura ya tano. Kuna watu hili linawatuliza roho, wengine wanalala. Kama wewe ni wale wanaouliza "kwani hii namba halisi ni kitu gani hasa", nenda kwake. Kama una mtihani baada ya wiki nane, usiende.

Sasa njia yangu ya kuchagua, ya chini na ya juu, ni hii. Usilinganishe vitabu kwa dibaji, dibaji zote zinasema kitabu ni rahisi. Chagua jambo moja, ulitafute hilo hilo kwenye vitabu vitatu, usome siku moja, halafu funga vyote ujaribu kumueleza mtu kwa Kiswahili. Kitabu ambacho maelezo yake yamebaki kichwani ndicho chako. Jambo ninalopenda kutumia ni kwamba namba zote za sehemu baina ya 0 na 1 zikiwekwa pamoja urefu wao ni sifuri. Chora mstari wa mita moja. Namba za sehemu ziko kila pahala juu yake, baina ya mbili zozote kuna nyengine, lakini zinaorodheshika. Basi ya mwanzo ifunike kwa kipande cha nusu sentimita, ya pili kwa robo, ya tatu thumuni, unakwenda kwa nusu ya nusu, umezifunika zote na vipande vyote ukivijumlisha havizidi sentimita moja. Unataka visizidi milimita moja? Anza na kipande kidogo zaidi. Kwa hivyo hakuna urefu wowote utakaobaki isipokuwa sifuri. Sie tushazoea haba na haba hujaza kibaba, hapa haba yenyewe ni sifuri, na ukizipanga kwa orodha hata uzirundike milele kibaba hakipati kitu, lakini nukta zote za mstari, ambazo haziorodhesheki, kila moja ni sifuri vile vile na kibaba kimejaa! Mwandishi anaekufanya uone hilo kwenye ukurasa mmoja kamata huyo huyo.

Haya, juu. Huku kuna njia mbili na kabla ya kuchagua jina chagua njia. Kuna vitabu vinaanza na mstari wenyewe, urefu, eneo, vitu unavyoweza kuchora, halafu mwisho ndio vinakwenda kwenye vipimo vya jumla. Na kuna vinavyoanza moja kwa moja na sigma-aljebra, yaani mkusanyiko wa seti zinazokubalika kupimwa, seti yoyote ile, kipimo chochote kile, mstari utauona baadae kama mfano tu. Stein na Shakarchi, Real Analysis ya 2005, ni wa njia ya mwanzo, vipimo vya jumla havionekani mpaka sura ya sita. Folland, toleo la pili la 1999, ni wa njia ya pili na ni mzito, kila mstari umeshiba, mie namuweka kwenye meza kama kamusi, simsomi kama hadithi. Kama mwalimu wako anaandika ubaoni "tuchukue nafasi ya kipimo", yaani seti pamoja na sigma-aljebra yake na kipimo chake, siku ya mwanzo tu basi yuko njia ya Folland na weye utahitaji cha kukushika mkono pembeni.

Watu huuliza kwa nini vyote vinaanza na kurasa chungu nzima za vipimo kabla ya integrali. Mfikirie muuza urojo Forodhani, usiku anahesabu mauzo. Njia ya Riemann ni kutoa noti moja moja kama zilivyoingia mfukoni, elfu mbili, elfu kumi, elfu moja, elfu mbili tena, anajumlisha. Ya Lebesgue ni kupanga mafungu kwanza, elfu kumi zote huku, elfu tano huku, halafu kila fungu lina ngapi. Mfano wa pesa ni wa Lebesgue mwenyewe, mie nimeuhamishia Forodhani tu. Kwenye noti kuhesabu fungu ni rahisi, lakini kwenye fanksheni "fungu" ni seti ya nukta zilizotawanyika ovyo, utasemaje ukubwa wake? Ndio hizo kurasa.

Kwa anaeanza juu mwenyewe bila ya mwalimu wa karibu, chaguo langu ni Axler, Measure, Integration & Real Analysis, 2020. Kwanza ni cha bure, bure ya halali, mwandishi na mchapishaji wamekiachia wazi, kwa hivyo unashusha faili zima na roho yako safi. Pili sura ya kwanza inarejea Riemann na kukuonesha pale anaposhindwa. Tatu, na hili ndilo hasa, hafichi ugumu. Mwanzo wa sura ya pili anataka kuonesha kwamba kipimo cha nje (unaifunika seti kwa vipande, unajumlisha urefu wao, unatafuta jumla inavyoweza kushuka mpaka wapi) cha kipande kutoka a mpaka b ni b kutoa a. Utasema hilo si jambo la wazi, hata bibi anajua. Jaribu kulithibitisha. Upande wa kwamba hakizidi ni mstari mmoja, lakini kwamba hakipungui unahitaji Heine–Borel, kwamba kipande kilichofungwa ukikifunika kwa vipande vya wazi hata visivyo na mwisho, vichache vyenye hesabu kati yao vinatosha kukifunika, yaani ule ukompakti ulionishinda Pemba. Mie niliposoma hapo ndio nikaelewa kwa nini Rudin alikuwa ananitesa nao.

Kama unaelekea kwenye takwimu, bima, au probabiliti, njia yako fupi zaidi. Tangu Kolmogorov mwaka 1933 probabiliti imekuwa ni kipimo ambacho jumla yake ni 1, kwa hivyo huhitaji kila kitu cha Stein. Kitabu kidogo cha Bartle, The Elements of Integration, cha 1966, kinakupeleka kwenye integrali upesi na kujenga kipimo cha Lebesgue kinakuachia baadae. Ni chembamba, ukikitoa kopi hufilisiki. Tao nae ana An Introduction to Measure Theory cha 2011, rasimu yake ipo bure kwenye ukurasa wake mwenyewe, ila mazoezi yamepandwa katikati ya maelezo, ukiyaruka umeruka somo lenyewe, hicho kinataka mtu mwenye subira.

Angalia mazoezi kabla ya kulipa, hapa ndipo wengi wanapokosea. Fungua mwisho wa sehemu ya kwanza, jaribu matano. Ukitatua yote kwa dakika kumi kitabu chepesi, usipotatua hata moja kwa siku mbili kizito, mawili au matatu baada ya kuhangaika ndio penyewe. Na faili za majibu zinazozunguka kwenye magrupu ya wosapu, yakhe, ziogope, nyengine zina makosa na hata zile sahihi zinakula faida yote, unasoma jawabu unasema "aa, kumbe", kesho huwezi kuandika mstari. Bora mtafute mwenzako mmoja mkae baraza moja mbishane.

Chukua kimoja kikuu na kimoja cha kusaidia, basi. Kuna mdogo wangu mmoja ana faili kumi na nne kwenye simu na zote kasoma sura ya kwanza.

Mambo ya steshenari sasa. Faili shusha chuoni kwenye waifai, usimalize bando. Toa sura moja moja, sura ya pili ukishaimaliza kwa kalamu ndio ukatoe ya tatu, utaokoa pesa nyingi maana wengi hawafiki ya nne. Waambie waache pambizo pana ya kuandikia, na watoe upande mmoja kama unaweza, nyuma patakuwa pa kufanyia hesabu. Hakikisha toleo ni lile la mwalimu, matoleo yakibadilika namba za mazoezi nazo zinabadilika, utapeleka kazi nzuri ya swali jengine. Na umeme ukikatika karatasi haizimiki.

Kiingereza cha vitabu hivi nacho kina mitego yake, maneno machache tu lakini yamebeba mzigo. Wakisema jambo ni kweli "almost everywhere", yaani "karibu kila pahala", hawana maana ya "mara nyingi", wana maana kwamba pale lisipokuwa kweli ni seti ya kipimo sifuri, kama zile namba za sehemu zetu. Tengeneza daftari dogo la maneno kama hayo, upande mmoja neno, upande wa pili maana kwa Kiswahili chako na mfano mmoja.

Kama bado unasita, fanya hivi wiki hii: shusha Axler, toa sehemu ya mwanzo tu ya sura ya pili, ile ya kipimo cha nje, soma kwa kalamu, fanya mazoezi matano. Ukikwama kwenye Heine–Borel shuka kwa Abbott sura ya tatu, kaa huko siku tatu, halafu panda tena.