Kumpata Isaura wa 1976, si wa 2004

Ukitafuta tamthilia ya Kibrazili ya mtumwa Isaura, andika jina la Kireno, mwaka na mwigizaji kwa pamoja: Escrava Isaura 1976 Lucélia Santos. Ziko mbili, zote zimetokana na riwaya ya Bernardo Guimarães ya 1875. Ya TV Globo ilianza Oktoba 1976. Ya Record, kituo kingine cha TV cha Brazili, ilianza 2004, Isaura akiwa Bianca Rinaldi, na jina lake rasmi lina herufi moja ya ziada mbele: A Escrava Isaura. Usitafute kwa jina la Rubens de Falco. Huyo yumo kote kuwili: 1976 ni Leôncio, yule bwana katili, na 2004 ni baba yake Leôncio, kwa hiyo atakuchanganyia matokeo.

Kisha hesabu vipande. Ya Globo ikiwa kamili ina 100. Ukikuta 30 hivi, hiyo ni nakala iliyofupishwa kwa soko la nje. Inatazamika, ila visa vya pembeni vimekatwa sana.

Anzia Globoplay, huduma ya Globo yenyewe ya kutazama video mtandaoni. Mbinu hii inakwama mahali pawili: haki za kuonyesha hutofautiana kwa nchi, hivyo jina linaweza kutokea na video isifunguke, na sauti ni ya Kireno, basi kagua manukuu kwenye kipande cha kwanza kabla hujalipa.