Usitie moto migombani kwa kumuogopa tandu

Jamani wakulima wenzangu wa Pemba, nimesema mpaka sauti imekauka na bado kila kaskazi naona moshi migombani. Mtu kapiga jembe kaona kidudu chembamba kina miguu mingi, basi tandu huyo! anakusanya majani makavu yote anafanya biwi anatia kiberiti, mwengine anamwaga dawa ya wadudu kwenye udongo kabisa. Hasara mnajitilia wenyewe.

Tandu wa kuogopwa ni yule mkubwa mnene anaejificha chini ya mawe na makuti, huyo akikuuma utalala macho. Huyu wa udongoni ni mwengine: mwembamba kama uzi, kapauka umanjano, macho hana, anapenya udongo kama nyungunyungu. Jozi za miguu yake hazipungui 27 na siku zote ni witiri, shufwa hukuti. Chakula chake ni mabuu na vidudu laini vya udongoni, mzizi wa mgomba wako hana haja nao.

Sasa ngozi yake haizuii maji kutoka, ndo mana hawezi kukaa pakavu. Ukishachoma majani jua la Januari linapiga udongo mtupu, ima azame chini sana ima afe. Na jike huyazungukia mayai yake kajikunja mpaka yaanguliwe, ukimfukua ovyo anaweza kuyaacha au akayala.

Kwahiyo majani tandazeni, msichome. Unene sentimita 10, sio 2 sio 3, chukueni rula ya mtoto wa skuli mpime maana mkikisia mnanipa majani ya kuonea haya. Na shina liachieni futi 2 kila upande! Hapa ndo wengi mnaboronga, mnarundika mpaka shinani halafu fukusi wa migomba anapata pa kujificha mnakuja kumlaumu tandu. Wakati ni Disemba mvua za vuli zinapomalizikia na udongo una maji bado, anaengoja Februari anafunika vumbi tu. Palizi jembe lisizidi sentimita 5.

Ukifunua majani ukaona tandu hawa na nyungunyungu, umepatia.

Makuti ya zamani lakini usiyanyanyue kwa mkono mtupu, tumia kijiti na uvae viatu, yule mkubwa ndo kwake.